Siku ya Mshonaji

Mji ule haukuwa na kalenda ya kutundika ukutani. Kalenda ilikuwa mji wenyewe.

Siku zilikaa kwenye nyumba. Kila nyumba ilikuwa na siku yake, na siku iliitwa kwa kazi ya mwanamke wa nyumba hiyo: siku ya Mfinyanzi, siku ya Msusi, siku ya Muuza Chumvi. Mwaka ulianzia nyumba ya karibu na kisima. Ukapanda na mtaa upande huu, ukateremka upande ule, ukaingia mtaa wa pili, nyumba kwa nyumba, mpaka ukarudi kisimani. Hapo watu walisema mwaka umekwisha, tuanze mwingine.

Aliyetaka kujua leo ni siku ya nani hakuuliza. Alichungulia dirishani akatazama moshi. Nyumba yenye zamu ndiyo iliyowasha moto kwanza, na nyingine zote zilingoja moshi huo ndipo zifungue milango. Jua likizama, mwanamke wa nyumba ile alitia kaa la moto kwenye kigae akampelekea jirani. "Yangu imekwisha," husema. "Shika yako." Jirani hulifukia kaa kwenye majivu, likalala humo hadi asubuhi. Basi. Siku imehama.

Wageni walipata tabu. Mgeni akiambiwa, "Tutaonana kwa Msusi," alikwenda kwa Msusi papo hapo, akamkuta mama wa watu anaosha vyungu, hana habari naye. Wenyeji walicheka wakashika mbavu.

Hayo ya kucheka yalikuwa ya zamani.

Katika mji huo alikaa mzee mmoja, kazi yake kukandika kuta. Walimwita Kiraka, kwa kuwa hakuweza kupita penye ukuta uliobanduka bila kusimama na kuupapasa kama mtu anayempima mbuzi. Alichimba udongo wa kichuguu, akauchekecha, akauchanganya na makapi, akaukanda kwa miguu hadi ukawa laini kama ulimi. Nyumba alizokandika hazikupitisha hata unywele.

Isipokuwa ya kwake. Mganga hajigangi. Upande wa kushoto wa mlango wake palikuwa na ufa, na upepo ulipita hapo ukazima taa. Mkewe alikuwa mshonaji. Taa ilipozimika alibaki ameshika sindano hewani.

"Fundi wa mji mzima," husema, "mkeo anashona gizani."

"Nitaziba kesho."

"Kesho ya nani?"

"Ya Msusi."

"Msusi alishapita juzi, bwana we."

Kiraka hucheka, akaiwasha taa, na ufa ukabaki ufa. Walizeeka nao.

Lakini Kiraka alikuwa na kazi nyingine, na hiyo hakuichekea. Siku ilikuwa ya mwanamke. Iliweza kurithiwa na binti, au na mkaza mwana aliyeletwa nyumbani. Nyumba ikikosa mwanamke, ilikosa wa kushika kaa, na siku yake ilibidi izikwe. Zamu yake ilipowadia, jioni ya kuamkia siku hiyo, Kiraka aliitwa na karai lake. Waliobaki ndani walitolewa. Akauziba mlango kwa udongo, akaziba madirisha, hadi nyumba ikawa kama jiwe. Nyumba ikarukwa, kaa la moto likapelekwa nyumba ya mbele yake.

Na kesho yake ilikuwa siku kipofu. Jua lilichomoza, lakini moshi haukutoka popote. Mitungi yote ilikuwa imepinduliwa tangu jioni, kisima kimefunikwa na kufungwa kwa mnyororo. Watu walikaa ndani milango imekomewa, wakala kiporo kimyakimya. Aliyeruhusiwa nje alikuwa Kiraka peke yake. Alikaa juu ya karai lake mbele ya mlango uliozibwa, akiangalia udongo usipasuke. Jua likizama, siku ile imetoka katika mwaka. Hairudi.

Alipewa maagizo mawili na fundi aliyemtangulia. Kitu cha nyumba iliyozibwa usikipokee. Ukisikia kitu, usijibu. Anayejibu amefungua.

Na alisikia. Kila mara alisikia. Udongo ulipoanza kukauka, ndani ya nyumba isiyo na mtu kilisikika kifuniko cha chungu kikiwekwa. Au ufagio. Au mtu akikohoa kidogo, kikohozi cha mtu aliyeshughulika na kazi zake. Kiraka hutazama vidole vyake vya miguu mpaka jua lizame.

Mwaka mmoja ilizikwa siku ya Msusi. Siku hiyo hiyo kipofu, mke wa mtoto wa Mfinyanzi alishikwa na uchungu akajifungua salama. Lakini kwa watu wale mtoto huwa kwanza wa siku aliyozaliwa, ndipo awe wa mama yake. Asubuhi walipoamka, kitanda cha mtoto kilikuwa kitupu, na mlango umekomewa kwa ndani kama walivyouacha. Walitafuta mpaka miguu ikavimba. Kiraka hakutafuta. Alikuwa amepita kando ya ukuta wa Msusi, akasikia mtoto mchanga akilia humo ndani, na mtu akimbembeleza.

Aliporudi nyumbani alimwambia mkewe tu. Mkewe aliacha kushona. Kisha akafanya kama alivyofanya kila jambo likimtisha, akalifanyia mzaha.

"Mimi siku yangu ikizikwa sitaiba mtoto wa mtu. Nitakuuliza tu kama umekula."

"Nyamaza, mama."

"Na wewe usiponijibu nitajua umekula kwa jirani."

Miaka ilikwenda, na mwaka wenyewe ukazidi kufupika. Vijana walihama, wazee wakafa, Kiraka akaitwa, akaziba. Mtaa wa kisimani ulibaki na nyumba zisizo na milango zilizojipanga kama meno yaliyooza. Mvua haikujua kwamba nyumba zimezibwa. Watu walipanda siku zile zile za babu zao, mbegu zikaungua ardhini, na mvua ikaja baadaye ikakuta mashamba yamekwisha kukata tamaa. Wengine walisema siku zilizozikwa hazikufa, zinajazana mahali, na kinachojaa hufurika. Waliambiwa wanyamaze. Wakanyamaza, lakini usiku walisogeza vitanda mbali na kuta.

Mke wa Kiraka alifariki zamu ikiwa mtaa wa mbali. Kifua. Alilala na kikohozi, asubuhi mkono wake ulikuwa baridi. Alikuwa anashona mbeleko. Binti yao mmoja tu aliolewa nyumba ya mbele yao, kwa Mkunga, na alikuwa na mimba. Mbeleko ilikuwa ya vipande vya nguo walizovaa wote watatu tangu zamani, na mkewe alikuwa anazungusha pindo la uzi mwekundu. Pindo halikufika mwisho. Kiraka aliikunja na sindano yake ikiwa humo humo, akaiweka rafuni. Hakujua afanye nini kingine.

Tangu hapo alikuwa akiutazama moshi. Asubuhi moja ulikuwa mtaa wa mbali. Kisha mtaa wa pili. Kisha ukaingia mtaa wao, upande wa pili, ukapanda nyumba kwa nyumba hadi mwisho, ukageuka, ukaanza kuteremka upande wao. Ulikuja polepole kama mtu mwenye anwani mkononi.

Mnadi alikuja. Huyu ndiye aliyetangaza siku kila asubuhi, na funguo za kisima zilikaa shingoni mwake. Alipewa kigoda, akakaa, akasifu hali ya hewa ambayo ilikuwa mbaya.

"Mzee Kiraka, zamu inakaribia."

"Naiona."

"Sasa. Wazee wamefikiri. Siku zinatuishia. Wangependa hii isizikwe."

"Mimi pia."

"Ehe! Basi jambo jepesi. Yuko mjane mmoja mtaa wa pili, mpishi mzuri, meno yote yapo. Umuoe kabla kaa halijafika. Nyumba ipate mwanamke. Itaitwa siku ya Mpishi. Nani atakasirika?"

Kiraka aliitazama rafu, kisha akamtazama Mnadi.

"Hicho kigoda," alisema, "ni cha mshonaji. Inuka."

Mnadi aliinuka. Mlangoni aligeuka. "Basi utaiziba mwenyewe. Hakuna fundi mwingine."

"Najua kazi yangu."

Kisha akaja Mkunga, mama mkwe wa binti yake. Alikuwa mwanamke mkubwa, sauti kama ya kuswagia fahali, na mikono iliyowapokea karibu watu wote wa mtaa ule. Hakukaa. Alishika kiuno.

"Mkwe, nimesikia umemfukuza Mnadi. Umefanya vyema, yule akinyamaza ndipo anapopendeza. Lakini nisikilize. Mwanao tumbo limeshuka. Siku yako ni kipofu, na inayofuata ni yangu. Nampa dawa zote ninazozijua ili mtoto angoje siku hiyo ipite. Akizaliwa siku yangu, ni wangu, ni wako, ni wetu. Umenielewa?"

"Nimeelewa."

"Ziba vizuri."

"Lini niliziba vibaya?"

Mkunga alitazama upande wa kushoto wa mlango. Akaenda zake.

Binti mwenyewe aliuliza mara moja tu. "Baba, mimi siwezi kurudi nikaishika ya mama?"

"Ulishapokea majivu ya nyumba ya mumeo; siku utakayorithi ni ya huko. Mtu hashiki siku mbili."

"Najua. Nilitaka tu useme wewe."

Ikafika siku ya Muuza Chumvi, nyumba ya nyuma yao. Jioni Kiraka alitoa mkeka wake, mwiko wake na blanketi. Alipindua mtungi. Mbeleko aliiacha rafuni. Akaanza kuziba. Alifanya kazi kama siku zote, bonge juu ya bonge, kiganja kikikandamiza, mwiko ukilainisha. Muuza Chumvi alipita na kigae cha moto mkononi, macho chini, akampelekea Mkunga. Alipoona mume wa mtu anamzibia mkewe nyumba, alilia, lakini miguu haikusimama.

Alipofika upande wa kushoto, Kiraka alisimama. Udongo ulikuwa mkononi. Akaukandamiza juu ya ufa, akaukandamiza chini ya ufa. Katikati akaacha pa kupita kidole.

Hakujiambia kwa nini. Alikaa juu ya karai lake, akafunga macho.

Asubuhi jua lilichomoza na mji ukabaki umefumba. Hakuna jogoo, maana walifunikwa. Hakuna mlango. Barabara ilikuwa nyeupe na tupu, na kuta zilizozibwa zilimtazama. Alikuwa amezikandika zote kwa mikono yake, na siku hiyo zilifanana na watu waliokuja msibani.

Udongo ukaanza kubadilika rangi. Kifuniko cha chungu kiliwekwa. Kisha ufagio, ule wa mikwaruzo mifupi mifupi, wa mtu anayefagia akiwa ameinama na mkono mmoja mgongoni. Aliujua ufagio huo. Alitazama vidole vyake vya miguu.

"Umekula?"

Sauti ilitoka kwenye ufa. Haikuwa ya kutisha. Ilikuwa sauti ya jana, ya mwaka jana, ya miaka yote.

Alijua agizo. Lakini hakuna aliyekuwa amemuuliza hivyo tangu mazishi. Watu walimletea chakula, walimwachia, walichukua sahani. Hakuna aliyeuliza.

"Sijala," alisema.

Ufagio ulinyamaza.

"Nilijua. Na goti?"

"Goti lile lile."

"Umeniachia ufa."

"Nimekuachia."

"Leo sikulaumu."

Akalisogeza karai karibu na ukuta. Wakaongea. Alimwambia mbuzi wa Muuza Chumvi amezaa pacha, alimwambia Mnadi alivyoinuka kwenye kigoda, naye akacheka kule ndani kicheko chake cha puani. Kiraka alijisikia kama mtu aliyevua kiatu kinachobana. Hata hakuona kwamba kivuli cha ukuta kilikuwa kimefika kwenye unyayo wake na hakikuendelea.

Aliyeona ni Mkunga. Dirisha la nyumba ya pili lilifunguka kidogo, likatoka jicho.

"Mkwe!" Hata kunong'ona kwake kulikuwa kelele. "Jua limesimama!"

Kiraka akatazama juu. Jua lilikuwa pale pale. Lilikuwa limeganda kama yai kwenye kikaango kisicho na moto.

"Umeziba?"

"Nimeziba."

"Umeziba, au umeziba?"

Kiraka aliutazama ufa.

"We mzee we!" Jicho lilijaa machozi ya hasira. "Siku imekataa kwenda. Kaa langu linazima kwenye majivu. Na mwanao uchungu umemshika, dawa zimeshindwa. Nimwambie mtoto arudi ndani? Akitoka leo atakuwa wa nani?"

Nyuma yake binti aliguna, mguno mrefu wa mtu anayeinua kitu kizito. Dirisha likafungwa.

Kiraka alisimama. Goti lilimuuma, akashukuru kuwa kuna kitu kinachouma.

"Uchungu umemshika binti yangu?" iliuliza sauti.

"Umemshika."

"Nimechemsha maji."

Mtungi wa nyumba ile alikuwa ameupindua mwenyewe.

"Na mbeleko nimemaliza. Tazama."

Kwenye ufa kilitokeza kitambaa. Kwanza ncha, kisha shibiri nzima. Vipande vile vile: gauni la binti la utotoni, shati lake yeye la harusi. Na pindo la uzi mwekundu lilikuwa limezunguka lote, halina pengo.

"Akitoka mnipe," mkewe alisema. "Nimkande, nimvishe. Ni kitambo kidogo tu."

"Si wako, mama."

"Si siku yangu leo?"

"Ni yako."

"Basi."

Hakuwa amekasirika. Hilo ndilo lililomtisha zaidi. Aliongea kama alivyoongea akipima kitambaa, mtu anayejua kipimo chake. Kiraka alikumbuka kilio nyuma ya ukuta wa Msusi, na yule aliyekuwa akibembeleza. Labda naye alisema ni kitambo kidogo tu.

Alishika mbeleko. Ilikuwa na joto. Akairudisha ndani kwa vidole viwili, taratibu, kama mtu anayerudisha kifaranga kwenye tundu. Upande wa pili kulikuwa na mkono ulioishikilia. Wakavutana kidogo, wazee wawili na kitambaa kimoja, kisha ikaingia.

"Utaniziba," alisema mkewe.

"Nitakuziba."

"Kwa udongo upi?"

Alitazama karai. Udongo uliobaki ulikuwa umekauka na kupasuka kama kisigino. Alimwendea Mkunga dirishani. "Maji, mkwe. Kidogo tu." Mkunga akasema hana hata ya kumpangusa mgonjwa jasho, mitungi yote imelala kifudifudi. Kisima kilikuwa na mnyororo, na Mnadi asingefungua mlango siku kipofu hata paa lake lingekuwa linaungua. Kiraka alitema mate kwenye udongo. Mate yalitoweka kama yametemwa mchangani.

Jua halikutikisika. Alipiga magoti penye ufa.

Ndipo binti alipopiga ukelele. Hakumwita Mungu, hakumwita mumewe wala baba yake.

"Mama! Mama weee! Mama!"

Mtaa mzima ulisikia. Kiraka alisikia pumzi mbili, yake na nyingine.

"Ananiita," mkewe alisema.

"Anakuita."

"Nikimjibu atakuja na mtoto."

"Ndiyo."

Kisha kitu kiliburuzwa sakafuni, kizito, kama sufuria iliyojaa.

"Lete karai," alisema. "Kinga."

Kutoka kwenye ufa maji yalianza kuteremka ukutani, uzi mwembamba, yakitoa mvuke. Kiraka alijua kisichotakiwa. Kitu cha nyumba iliyozibwa hakipokelewi, hata sindano. Alijua pia hana maji mengine chini ya jua lile. Akakinga.

"Kanda vizuri," mkewe alisema. "Usiharakishe. Ukiharakisha hupasuka."

"Unanifundisha kazi?"

"Upande wa kushoto ndiyo, nakufundisha."

Alikanda kwa mikono. Udongo ulikubali haraka, ukawa laini kuliko udongo wowote aliowahi kuushika, wa vuguvugu, kama tumbo la mnyama. Akachukua bonge la kwanza. Akaweka. Akachukua la pili.

"Kiraka."

Hakujibu.

"Umekula?"

Hakujibu. Aliweka bonge la mwisho, akalikandamiza kwa kiganja chote, akakiacha kiganja pale. Kwa ndani kitu kilikandamiza vile vile, polepole, mahali pale pale. Kisha kikaachia.

Jua lilianguka. Halikuzama, lilianguka kama embe bovu, na giza likaingia kwa mkupuo. Asubuhi, Mkunga alifukua majivu, akakuta kaa limebaki tone jekundu kama jicho la panya. Alilipulizia huku akilitukana. Moshi ukatoka. Mnadi akafungua mlango wake na kupaza sauti, "Siku ya Mkunga!" na kabla hajamaliza, mtoto akalia. Wa kike.

"Wetu!" Mkunga alipiga kelele. "Wetu, jamani, wetu!" Akatoka na mikono yenye damu akamkumbatia Kiraka mbele za watu, akamchafua shati lake lote. Hakumuuliza alipata wapi maji.

Kiraka alihamia kwa binti yake. Walimpa chumba cha nyuma, ambacho ukuta wake uliungana na ukuta wa nyumba ya mshonaji. Alikula kwa wakati. Watu walisema mzee amekubali, ameanza kunenepa.

Kila asubuhi, kabla hajaongea na mtu, alitoka akaenda kugusa upande wa kushoto wa mlango usiokuwepo tena. Kuta zote za mji zilikauka kwa jua kali la mwaka ule. Bonge lile halikukauka. Liliingia kidole. Lilikuwa vuguvugu. Alikandika juu yake udongo mwingine, wa maji ya kisimani. Ule wa juu ulikauka, ukapasuka, ukadondoka, na wa chini ulikuwa vile vile. Akaacha kukandika. Akaweka mawe. Akawaambia wa nyumbani kwake mtoto asichezee upande ule.

Lakini mtoto akishaanza kutambaa nani anamfunga? Alipenda ukuta ule. Walimkuta ameuegemea, ameweka sikio, ametulia kama mtu anayesimuliwa jambo. Mkunga alimbeba akamrudisha, akasema mtoto huyu ana masikio ya bibi yake. Binti alicheka. Moshi ulikuwa umekwisha kuzunguka kisima, umepanda mtaa wa pili, sasa ulikuwa unarudi mtaa wao.

Mtoto alichelewa kusema. Walimwimbia, walimtaja baba, walimtaja mama, akawatazama tu. Watu walianza kuwa na wasiwasi.

Asubuhi moja Kiraka alikuwa amekaa uani na bakuli lake la uji, hajaligusa. Wote walikuwepo. Mtoto alitokea kando ya nyumba, akitembea kwa mara ya kwanza bila kushika kitu, miguu ikitanuka. Mkunga akaweka mkono mdomoni. Binti akachuchumaa, akanyoosha mikono. Mtoto alimpita. Akaja moja kwa moja hadi magotini kwa babu yake, akamtazama usoni, akasema, wazi, kila neno mahali pake:

"Umekula?"

Uani pakalipuka kicheko. Mkunga alipiga vigelegele. "Kaanza na chakula! Huyu kweli wa nyumba hii!" Binti alicheka huku akifuta machozi. "Mjibu, baba! Mjibu mjukuu wako!"

Kidole cha mtoto kilikuwa kimeshika goti lake lile linalouma. Kilikuwa na udongo mbichi hadi kwenye kifundo.

Kiraka alitazama vidole vyake vya miguu. Hakujibu.